Nguzo ya Kichwani pa Mwanangu

Jumatatu, 3 Machi

Mvua imeanza leo nikiwa bado na nguo kwenye kamba. Nimeanua mbio mbio, shuka moja likaniponyoka likaanguka topeni, nikalitukana kama mtu. Halafu nikaenda mlangoni kupindua gambuti zake zisijae maji. Nimeshazipindua ndipo nikakumbuka kwamba hakuna mguu wa kuingia humo tena.

Ni masika ya kwanza bila yeye. Yale ya mwaka jana ndiyo yaliyomchukua. Kifua kilimbana, na barabara ya hospitali ikawa mto. Alikuwa na miaka minne. Watu walikuwa wakiniita kwa jina lake, mama fulani. Tangu siku ile wanaona tabu, wananiita fundi kwa sababu ya cherehani. Na mimi jina lake sitaliandika humu. Bado haliandikiki.

Naandika kwa sababu nyumba hii imepoteza mazungumzo. Mume wangu ni mwashi, mtu ambaye akiwa juu ya jukwaa la ujenzi alisikika mtaa wa pili. Siku hizi akirudi anasema "nimerudi", akishiba anasema "asante", basi. Kuna siku namwona kama mpangaji. Machozi yake sikuyaona hata siku ya kuzika. Wengine walisema amejikaza. Mimi nilisema moyoni, huyu ni zege tupu.

Tulimzika mwishoni mwa shamba letu, pale udongo mweusi unapokwisha na kuanza ule mwekundu. Mbele yake kidogo ndipo nchi yetu inapoishia. Hakuna ukuta wala waya, ni safu ya nguzo za zege zinazofika kiunoni, zilizowekwa na watu waliokwisha kufa. Nikikaa kwenye cherehani, kutoka dirisha la jikoni naona kaburi, naona nguzo, naona na paa la jirani yangu wa nchi ya pili. Kaburi lenyewe ni tuta la udongo. Huyu bwana aliyejengea wafu wa mtaa mzima, wa kwake hajamwekea hata tofali.

Mlango wa jikoni siwezi kuufunga mvua ikinyesha. Maji yanaingia, nafuta, yanaingia tena.

Jumatano, 5 Machi

Mvua. Nimeshona sketi za shule. Uzi wa buluu umekwisha.

Jumamosi, 8 Machi

Mama Redio amevuka kuja kwangu akicheka hadi ameshika mbavu. Ndiye jirani wa ng'ambo niliyemtaja. Jina hilo tulimpa kwa sababu redio yake huanza kabla ya jogoo, na habari ambazo redio haikuzisema humalizia mwenyewe.

"Shoga, nchi yenu imeanguka!"

"Imeangushwa na nani?"

"Na mbuzi wangu!"

Alimfunga kwenye nguzo ya mpaka, kama afanyavyo kila siku. Nguzo ile sote tumeiegemea, tumeianikia matambara, tumeinolea visu. Sasa mbuzi ana mimba na hasira zake, mvua imelainisha udongo, akavuta mara moja nguzo ikalala chali. Tumekwenda kuitazama. Shimo limejaa maji, na mbuzi amesimama kando anatafuna kama hayamhusu.

"Tuiinue?" nikamuuliza.

"Kwa kiuno changu hiki? Wenye nchi wakiitaka watakuja kuiinua."

Tukacheka. Nilikuwa sijacheka siku nyingi. Nilipogeuka nikaliona tuta pale karibu, nikaona haya.

Jumanne, 11 Machi

Tuta linabonyea. Nimekwenda na jembe kurudishia udongo, mvua ikauondoa nikiwa natazama. Hivi hivi, masika yakiisha patakuwa tambarare, na siku moja mtu atapalilia juu yake bila kujua. Nimemwambia mume wangu wakati wa kula. Ameendelea kutafuna. Nikamwambia, "Wewe si fundi wewe?" Ameinuka akaenda kunawa.

Alhamisi, 13 Machi

Nguzo imesimama kichwani pa mwanangu.

Niliiona kutoka dirishani nikadhani ni macho yangu. Nimekwenda bila viatu. Ni ile ile aliyoiangusha mbuzi. Imesimama wima, timazi kabisa, na chini imezungushiwa zege jipya lililosawazishwa kwa mwiko na kumaliziwa kwa kidole gumba, kama anavyomalizia kazi zake zote. Upande wenye namba ameugeuzia nyuma. Ule laini ndio unaotazama nyumba.

Aliporudi nikaona saruji kwenye kucha zake. Nikachukua jagi nikammiminia maji, nikamsugua kidole kimoja kimoja, naye akaniachia mkono kama mtoto. Ndipo akasema, maneno mengi kuliko ya mwezi mzima, "Nimechanganya zege kwa ajili yake, likanikaukia kwenye karai. Nikachanganya tena, likakauka tena. Mkono ulikataa. Hii nimeikuta imeshatengenezwa."

Sikumkumbusha kwamba ile ni mali ya nchi mbili. Wala hilo halikunijia akilini. Nilichofikiria ni kwamba mwaka mzima nimekuwa nikimwita zege.

Ijumaa, 14 Machi

Nimelala vizuri.

Jumatano, 19 Machi

Nilikuwa natafuta kiraka nikafikia koti la mvua la mwanangu, bado limetundikwa nyuma ya mlango wa chumbani. Nilimshonea kwa kitambaa cha mwavuli uliovunjika, cheusi chenye maua mekundu, na kofia iliyomzidi hadi puani. Duniani hakuna la pili.

Akilivaa na mvua inanyesha, basi, hatumpati tena. Atasimama kule mwisho wa shamba anatazama nyumba, anasubiri aitwe. Mimi nilikuwa naita hadi nachoka, ananiangalia tu. Baba yake ndiye alikuwa akisimama mlangoni anaita mara moja, kwa ile sauti ya jukwaani: "Baba! Ingia ndani!" Alimwita Baba kwa kuwa alirithi jina la babu yake. Hapo mtoto anakuja mbio, matope hadi masikioni.

Jumatatu, 24 Machi

Leo mwenyekiti wetu amepita na mwavuli wake akikagua mitaro. Akaiona nguzo ndani ya shamba letu, akalitazama na lile shimo la zamani kule mbele. Mwenyekiti wetu ni mtu wa kupenda makubwa. Kikao cha choo cha soko alikifungua kwa wimbo wa taifa. Hakutuuliza sisi. Akaruka hadi kwa Mama Redio.

"Mmetuibia ardhi!"

"Nani kaiba? Mbuzi wangu kaing'oa, aliyeipanda simjui!"

Mbuzi alikuwa anakula majani kati ya shimo na nguzo. Mwenyekiti akaamuru akamatwe kama kielelezo. Mgambo wawili wamemburuta hadi ofisini, na mmoja amepigwa teke la goti, anachechemea.

Mume wangu alisimama mlangoni akitazama yote hayo. Alifungua mdomo nikamshika mkono. Nilijua kinachofuata: wangeing'oa pale pale.

Ijumaa, 28 Machi

Mwenyekiti wa ng'ambo amekuja na watu wake kudai mbuzi. Naye kumbe ana akili za haraka. Ameitazama nguzo, akasema mbele ya watu, "Nguzo ya mpaka si ile pale? Basi mbuzi mlimkamata ndani ya nchi yetu. Mgambo wenu wamevamia."

Wa kwetu akasema nguzo imehamishwa. Wa kule akasema athibitishe. Wakaanza kutukanana kwa heshima, ndugu mwenyekiti huku, ndugu mwenyekiti kule. Jioni Mama Redio amenipigia kelele kutoka uani kwake kwamba tumetajwa kwenye habari. Hawakusema mbuzi. Wamesema "mali ya raia".

Jumatano, 2 Aprili

Wanajeshi wamekuja. Wetu wamepiga mahema kwenye mahindi yangu. Wa kule nao wameshuka upande wa pili wa shimo. Kati yao, peke yake, nguzo yetu, na chini yake yeye. Leo nilitaka kwenda kung'oa majani nikaambiwa, "Mama, rudi. Hapo ni eneo la mgogoro."

Jumapili, 6 Aprili

Nitaandika kama ilivyokuwa.

Yuko askari mmoja wa kwetu, kijana mpole, kila siku kifungo kimekatika. Nimempa jina Kifungo. Leo alileta koti la jeshi lililochanika kwapani. Nikawa nashona, yeye ameketi kwenye kigoda anakunywa chai, nje inamwagika.

"Mama," akasema, "mwambie mwanao asicheze kule kwenye nguzo. Wale wenzetu wana wasiwasi, mtu anaweza kufyatua."

"Mwanangu yupi?"

"Yule mdogo. Mvua ikikaza tu yuko pale. Ukimfuata humwoni. Amevaa koti jeusi lina maua mekundu, kofia imemfunika uso."

Sindano ilipita kwenye kidole changu. Sikusikia maumivu hadi nilipoona damu kwenye koti la serikali. Nikamwambia sina mtoto. Akacheka kidogo, kama mtu anayedhani anataniwa, kisha akaniangalia vizuri, akaweka kikombe chini bila kumaliza chai.

Alipoondoka nilikwenda nyuma ya mlango wa chumbani. Koti lipo. Kavu.

Jumanne, 8 Aprili

Mama Redio haruhusiwi tena kuvuka. Tunasemezana kwa kupaza sauti, kila mmoja uani kwake, askari wote wanasikiliza. Leo hakupaza sauti. Alikuja hadi walipomruhusu, nami hadi waliponiruhusu, akasema polepole, "Shoga, wa huku wanasema mnawatumia mtoto. Wameniuliza ni wa nani. Koti walilonieleza ni lile la mwavuli."

"Wewe umemwona?"

"Mimi? Mungu apishe mbali." Halafu akaanza kulia, mtu ambaye hata kwenye msiba hufanya mzaha. Mwaka jana ndiye aliyenishikilia pale kaburini nisianguke. Nimemsamehe mbuzi wake na redio yake na vyote.

Ijumaa, 11 Aprili

Redio yao imesema nchi yetu inatumia watoto wadogo kuchokoza jeshi lao. Redio yetu imesema hivyo hivyo juu yao. Mabalozi wameitwa nyumbani. Daraja kubwa limefungwa, na malori yamepanga foleni hadi mjini. Waziri amesema hata shubiri moja ya ardhi haitatoka. Nimepima shubiri kwenye meza ya kushonea. Kaburi lake halizidi shubiri sita.

Jumapili, 13 Aprili

Mvua kubwa tangu mchana. Nimetoa kiti nikakaa mlangoni, cherehani nikaifunika, chakula sikupika. Nimetazama pale hadi macho yakauma. Niliona maji, niliona nguzo, niliona askari wa pande zote wamejikunyata. Ghafla wa kule mmoja akasimama akanyoosha kidole, na wa kwetu wawili wakageuka kutazama hapo hapo. Wote wamemwona. Mimi nimeona mvua.

Nisiseme uongo humu: sikuogopa. Nilikuwa na wivu. Vijana wasiomjua, waliotoka wapi sijui, waliobeba bunduki, wanamwona mwanangu kila mvua inaponyesha. Mimi niliyemzaa, niliyeshona hilo koti kwa mikono yangu, naambiwa tu. Nimekosa nini? Nilisimama nikasogea hadi kwenye mahema nikiwa nimelowa chapachapa. Kifungo akanizuia kwa upole, akasema, "Yuko pale, mama. Yuko pale." Na mimi nikatazama alipoonyesha, pakawa hapana kitu.

Jumatano, 16 Aprili

Nimemwambia mume wangu. Nilidhani ataniona nimechanganyikiwa. Amesikiliza hadi mwisho, amevaa kofia yake, akaenda moja kwa moja kule shambani. Askari wamemrudisha. Ameketi jikoni na kofia kichwani hadi giza, maji yakimdondoka, na mara moja tu akauliza, "Wanasema ana baridi?"

Jumapili, 20 Aprili

Jua kidogo. Nimeanika magodoro.

Jumanne, 22 Aprili

Imekuja tume ya nchi mbili, wapima ardhi na wakubwa wenye magari, wamejenga hema kubwa nusu huku nusu kule. Wamebishana kuhusu ramani, kuhusu meza ielekee wapi, kuhusu chai ichemshwe na upande gani. Jambo moja tu wamekubaliana, na Kifungo ndiye aliyekuja kuniambia akidhani ni habari njema. Ijumaa wataing'oa nguzo, wachimbe hadi urefu wa mtu waone msingi wake, kisha waweke mpya, kubwa, yenye bendera mbili.

Urefu wa mtu. Mwanangu amelala juu zaidi ya hapo.

Mume wangu anasema atasema. Nikamwambia wa kwetu watamwita msaliti, mtu aliyeichukua nguzo akawapa watu wengine ardhi. Akasema, "Waniite." Halafu akaniuliza shati lake jeupe liko wapi.

Ijumaa, 25 Aprili

Nimepiga pasi shati lile asubuhi. Mimi nikavaa gauni langu la heshima, nikachukua koti nyuma ya mlango, nikalikunja, nikaliweka kwenye kapu. Sikujua kwa nini nalichukua. Sikutaka tu kuliacha peke yake siku kama hii.

Tulipofika vibarua walikuwa tayari wameshika sururu, na mvua ilikuwa ya rasharasha, radi ikinguruma. Hemani wamekaa wa kwetu upande mmoja, wa kule upande mwingine, kila upande na kanali wake. Mwenyekiti wetu alikuwepo, amevaa suti. Mume wangu alisimama mbele ya meza akakosa pa kuanzia. Mtu aliyezoea kuongea na matofali. Nikaanza, "Mume wangu anataka..." akanigusa begani.

"Nguzo hiyo nimeiweka mimi," akasema. "Ilikuwa imeanguka kule kwenye shimo. Nimeitoa nikaiweka kichwani pa mwanangu. Yuko chini yake. Mkichimba mtamgusa."

Kelele zote kwa pamoja. Wa kwetu mmoja akapiga meza akasema mmesikia, nguzo ilikuwa kule, kesi imekwisha! Mwenyekiti wetu akapiga makofi. Kwao mwanangu alikuwa ushahidi, basi. Na hapo hapo kanali wa ng'ambo, mzee mwenye mvi, mtu wa sauti ndogo, akasema, "Hadithi nzuri. Imekuja siku nzuri. Tutajuaje kuna kaburi? Tuchimbe tuone."

Mume wangu alikwenda akasimama kwenye mlango wa hema, katikati ya wale wa sururu na shamba, akatanua mikono. Askari wakamsogelea.

Ndipo ikasikika sauti ya Mama Redio. Alikuwa amepenya vipi sijui; kiuno chake kile kile.

"Afande, mimi ni raia wako," akamwambia kanali wake. "Kadi yangu hii. Siku ya kumzika mtoto huyu nilikuwepo, nilimshika mama yake kwa mikono hii. Kaburi lipo. Nguzo ilikuwa kule, mbuzi wangu ndiye aliyeing'oa, na nilicheka. Ukitaka kumfunga mtu nifunge mimi na mbuzi."

"Mama, unajua unachosema kinaipa nchi gani faida?"

"Najua. Ningekuwa sijui ningekuja na radi yote hii?"

Kanali akaipokea kadi, akaigeuza. Nikaona ndiyo zamu yangu, ingawa sikuwa nimejiandaa. Nikafungua kapu nikalitoa koti, nikalikunjua juu ya ramani zao. Jeusi, maua mekundu, kofia kubwa.

Walioanza kusogea nyuma ni askari. Kwanza wa kule waliosimama nyuma ya kanali, halafu wa kwetu. Kifungo akavua kofia. Mmoja wa ng'ambo, mkubwa kama kabati, akasema, "Ndilo hilo." Kanali akamgeukia. "Ndilo lipi?"

"La yule mtoto, afande. Wa kwenye ripoti."

Kanali wa kwetu naye akawageukia wake, nao wakainamisha vichwa. Wakubwa wale wawili wakatazamana kwa mara ya kwanza bila ramani katikati. Yule mzee akanyoosha mkono akagusa ukingo wa koti kwa ncha ya kidole, akauliza kwa sauti ndogo zaidi, "Alifariki lini?"

"Masika yaliyopita," nikasema.

Akaagiza sururu zirudishwe kwenye gari.

Jumatatu, 28 Aprili

Mume wangu wamemchukua kumhoji. Mvua. Koti nimelirudisha mahali pake.

Jumamosi, 3 Mei

Amerudi, amekonda, hajapigwa. Wameshindwa kumshtaki, kila waliloandika, upande mmoja ulikataa kutia sahihi. Mwenyekiti hatusalimii.

Uamuzi umetoka. Hawatachimba. Kwenye shimo la zamani itawekwa nguzo mpya, na ya kwetu itabaki pale pale. Kati ya hizo mbili, pamoja na kaburi, patazungushiwa seng'enge na hapatakuwa pa nchi yoyote. Hakuna upande unaoutaka tena udongo ule, wala hakuna ulio tayari kumwachia mwenzake. Mtu yeyote haruhusiwi kuingia. Niliuliza, hata mama yake? Yule aliyetusomea akaangalia karatasi kama vile jibu limeandikwa nyuma. Akasema, "Mtu yeyote."

Hawatamgusa. Nilichoomba nimekipata. Nami sitamgusa tena.

Alhamisi, 8 Mei

Seng'enge imefungwa leo, mistari mitatu, miba kama kidole. Mbuzi naye amerudishwa kwao kwa hati rasmi. Alizaa akiwa kizuizini kwetu, kwa hiyo wamebishana saa nzima juu ya kitoto chake ni cha nchi gani. Mama Redio akakibeba kwapani akaondoka nacho wakiwa bado wanaongea. Ni kitu pekee kilichonichekesha.

Majani yamezidi kuota kwenye tuta. Kuna moja refu, kichwani, karibu na nguzo. Nalitazama kutwa. Ningelifikia kwa fimbo kama si askari.

Jumatano, 14 Mei

Kifungo na wenzake wanahamishwa wiki ijayo. Alileta shati. Nikamuuliza swali ambalo sikuwahi kumuuliza mtu, kwa kuwa nilikuwa nimeshughulika na wivu wangu.

"Huwa anafanya nini pale?"

Akafikiri. "Hafanyi kitu, mama. Hachezi. Nilisema anacheza kwa sababu ni mtoto. Anasimama tu, ameelekea kwenu. Anatazama huu mlango."

"Mlango uko wazi siku zote," nikasema.

"Ndiyo. Na yeye anautazama. Kama mtu aliyeambiwa asubiri."

Nimeshona kile kifungo kwa uzi mara mbili, sitaki kikatike tena. Alipokwenda nikabaki nimekaa. Masika mazima nimeacha mlango wazi, nimetoa kiti, nimelowa, nimekodoa macho, nikamlaumu Mungu na majeshi mawili. Na tangu mwaka jana katika nyumba hii hakuna aliyeita.

Jumamosi, 17 Mei

Nilimwambia mume wangu juzi, akasema hawezi. Akasema sauti ile haipo tena, amejaribu kazini akiwa juu ya ukuta, inatoka kama ya mtu mwingine. Sikumsukuma.

Leo mchana mbingu ikafunga. Mvua ya kuaga, ya matone makubwa. Nilikuwa nakunja vitambaa nikamwona anapita, bila kofia, anakwenda kwenye seng'enge. Nikamfuata. Askari wa kwetu walitoka mahemani, wa kule nao wakasimama. Hakuna aliyemzuia. Mama Redio alikuwa uani kwake na kanga imemgandia mwilini, akaizima redio.

Mume wangu akashika waya kwa mikono miwili, pale penye miba. Kifua kikapanda. Sauti ya kwanza haikutoka. Ya pili ikatoka ndogo, ikafia kwenye mvua. Nikaweka mkono wangu mgongoni kwake nikasikia jinsi anavyotetemeka, nikamwambia, "Mwite kama ulivyokuwa ukimwita."

Akaita.

"Baba! Ingia ndani!"

Nimeishi na sauti hiyo miaka yote, lakini ile ya leo ilivuka nchi mbili. Ikagonga paa la Mama Redio ikarudi. Kisha mume wangu akaanza kulia, kwa kelele, mdomo wazi, mbele ya majeshi, na machozi niliyokuwa nikiyadai mwaka mzima nikatamani kuyarudisha. Akageuka akaanza kutembea kuelekea nyumbani, polepole, hatua fupi fupi, mkono mmoja ameuteremsha kidogo pembeni, namna mtu anavyomtembeza mtoto. Sikuona kitu kwenye mkono ule. Nikapita upande wa pili, nikaacha nafasi katikati.

Nilipogeuka nikawaona askari, wa huku na wa kule, vichwa vyao vinageuka taratibu, vinatufuata hadi mlangoni.

Jumatatu, 19 Mei

Jua. Kifungo amekuja kuaga. Anasema jana jioni yalianguka manyunyu na hakumwona mtu pale, hata wa ng'ambo wamewauliza wao kwa ishara, yuko wapi. Mama Redio amepaza sauti kutoka kwake kunisalimia, na ameniita kwa jina la zamani, jina la mtoto, bila kujishtukia. Nimeitika.

Gambuti nilizozipindua mwanzo wa masika nimezikuta asubuhi zimesimama kwenye ngazi, moja mbele ya nyingine, nyayo zimejaa udongo mwekundu. Kwetu huku wote ni mweusi. Mume wangu anasema si yeye. Wala si mimi.

Nimezifuta, nimeziweka ndani, chini ya koti. Na jana yale manyunyu yalipoanza mume wangu aliinuka akaufunga mlango wa jikoni, nami sikumkataza, kwa sababu sote tulikuwa tumo.